UZI: Mlima Meru, siku 3 au 4? Njia, vibanda, maporomoko, baridi na magoti

#1 Kanyaga_Taratibu

Wakuu salaam. Kiangazi kikikaribia maswali ni yale yale: Mlima Meru wa Arusha ni siku ngapi, Meru si ni mazoezi ya Kilimanjaro tu, Meru unaweza kupanda na raba? Naweka yote sehemu moja. Mwenye nyongeza aongeze, mwenye kupinga aje na hoja.

Tuanze na hilo la "mazoezi". Kilele, Socialist Peak, kiko mita 4,562 kwa vipimo vipya (vitabu vya zamani vinaandika 4,566). Lango la Momella, ndani ya hifadhi, unapoanzia kupanda, liko kwenye mita 1,500 hivi. Kwa ratiba ya kawaida unapanda mita elfu tatu na ushee ukiwa umelala mlimani usiku mmoja na nusu, maana ule wa pili unaamshwa usiku wa manane. Kilimanjaro ni mrefu zaidi, sawa, lakini njia zake nyingi zinakupa usiku mwingi wa kuzoea hewa. Meru haikupi. Na ule ukingo wa kreta (shimo la volkano) ni mwembamba kuliko kitu chochote utakachokutana nacho kwenye njia za kawaida za Kilimanjaro.

Ratiba yenyewe:

Siku ya kwanza, Momella hadi kibanda cha Miriakamba (mita 2,514). Njia ni mbili. Fupi inapita uwanda wa nyati na kupanda moja kwa moja, saa tatu hadi nne. Ndefu inafuata barabara ya magari msituni, saa tano au zaidi ukisimama simama, na huko ndiko kuna ule mkuyu uliotoboka katikati na mchepuko wa dakika chache kwenda maporomoko ya Maio. Panda kwa ndefu, shuka kwa fupi. Anayekupandisha kwa fupi kwa hoja ya kuokoa muda anaokoa muda wake, si wako: utafika Miriakamba saa nane mchana ukae unatazama ukuta.

Siku ya pili, Miriakamba hadi kibanda cha Saddle (3,570). Saa tatu hadi nne, ngazi karibu mwanzo mwisho. Katikati kuna Mgongo wa Tembo, pa kupumzikia na kula. Mchana ule ule unapanda kilele kidogo cha Little Meru (3,820), dakika 45 hadi saa moja, kisha unarudi kulala.

Usiku wa kuamkia siku ya tatu unatoka Saddle kati ya saa saba na saa nane. Rhino Point, ukingo wa kreta, Cobra Point (4,350), kilele. Kupanda saa nne hadi tano, kurudi Saddle mbili hadi tatu.

Baada ya hapo ndipo siku tatu na siku nne zinapoachana. Wa siku tatu wanashuka mpaka Momella siku hiyo hiyo. Wa siku nne wanalala Miriakamba.

#2 Leganga_Stendi

Nyongeza ya usafiri. Kutoka Arusha unafuata barabara ya Moshi mpaka Usa River, unaingia kushoto kuelekea Ngarenanyuki. Lango la kwanza ni Ngongongare. Momella ni mbele zaidi, ndani kwa ndani, usishuke mapema. Malipo ya hifadhi ni kwa namba ya malipo au kadi, noti hazipokelewi. Na bei ukiitazama hakikisha kama ina VAT au bado, wengi huumia hapo.

Askari mwenye bunduki ni lazima, si hiari. Anaongoza kundi zima la siku hiyo, kwa hiyo muda wa kuondoka unapangwa naye. Ukifika langoni saa sita mchana utajikuta unakimbizwa njia fupi hata kama ulilipia ndefu.

#3 Mguu_Mbele

Mkuu #1 asante kwa uzi. Swali: kampuni karibu zote zinasema ya siku nne ni bora "kwa kuzoea hewa". Ni kweli, au ni kuongeza bili tu?

#4 Dawa_na_Miinuko

Hili watu wanadanganyana sana, acha nilinyooshe.

Siku nne inayouzwa inaweka usiku wa ziada Miriakamba WAKATI WA KUSHUKA. Kichwa chako kinapouma Saddle usiku wa pili, ule usiku wa ziada bado uko mbele na uko chini. Haujakusaidia chochote kuzoea hewa. Ratiba ya kupanda ni ile ile ya siku tatu, saa kwa saa.

Kanuni inayotumika ni kwamba ukivuka mita 3,000, mahali pa kulala pasipande zaidi ya mita 500 kwa siku. Miriakamba kwenda Saddle ni zaidi ya mita 1,000 kwa mkupuo. Kanuni imevunjwa kwa sababu ya mahali vibanda vilipojengwa, si kwa sababu mwongozaji wako ni mbaya. Ukitaka siku ya nne ikusaidie kweli, omba iwekwe wakati wa kupanda, kwa namna mojawapo kati ya hizi:

Usiku mbili Miriakamba, na siku ya katikati unatembea sakafu ya kreta mpaka chini ya ukuta na kurudi. Kutembea unatembea, lakini unalala pale pale. Hii ndiyo ninayoipendekeza kwa anayetoka Dar, Tanga, Mombasa au Zanzibar, mtu aliyelala usawa wa bahari juzi yake.

Au usiku mbili Saddle, Little Meru ikiwa kazi ya siku ya mapumziko. Hii inafaa kwa anayeishi juu tayari, Arusha au Nairobi. Kwa mtu wa pwani siipendi: kama mwili umekataa mita 3,570, kumweka hapo saa 24 zaidi kunaweza kumzidishia.

Ukingali na pesa, fanya siku tano: ziada moja kupanda, moja kushuka.

Kileleni hewa unayovuta ina kama asilimia 57 ya oksijeni ya usawa wa bahari. Mazoezi ya gym hayabadilishi hilo. Tena hata wenye mapafu ya mpira huumwa, hasa wakipanda haraka.

#5 Mguu_Mbele

Na Diamox, ile dawa ya kuzuia ugonjwa wa miinuko, je? Wengine wanasema inaficha ugonjwa.

#6 Dawa_na_Miinuko

Haifichi. Inaharakisha mwili kuzoea. Kipimo cha kinga kwa mtu mzima ni miligramu 125 mara mbili kwa siku, kuanzia siku moja kabla ya kupanda. Mwenye mzio wa dawa za salfa asiiguse kabla ya kuongea na daktari. Itakukojoza sana na kukuchonyota vidole na midomo. Hiyo ni kawaida. Ijaribu nyumbani siku moja wiki kadhaa kabla, usije ukagundua mzio ukiwa Mgongo wa Tembo.

Dawa zinazoficha ni za maumivu. Unameza panadol Saddle, kichwa kinatulia, unaendelea kupanda. Utaratibu ni huu: kichwa kikiuma, kunywa maji, pumzika, meza panadol ukipenda, lakini USIPANDE mpaka kitulie chenyewe. Kichwa pamoja na kutapika mfululizo: shuka. Mtu akiyumba kama mlevi (mwambie atembee mstari ulionyooka, kisigino kwa vidole), akiongea ovyo, au akihema akiwa amekaa tu na kukohoa povu, anashushwa saa hiyo hiyo, giza au mvua. Usisubiri asubuhi. Na asiachwe ashuke peke yake hata akiapa kwamba yuko sawa, kwa sababu kuapa huko ni sehemu ya ugonjwa.

#7 Jiwe_la_Lava

Naheshimu ya daktari hapo juu, ila naitetea kidogo siku nne ya kawaida. Haisaidii hewa, inasaidia miguu. Kilele mpaka Momella ni kushuka mita 3,000 na zaidi siku moja, baada ya kuamka saa sita usiku. Wanaoanguka vibaya Meru wengi huanguka wakishuka, mchana, sehemu isiyo na hatari yoyote, kwa sababu mapaja yameisha na goti linakunjika lenyewe. Zile ngazi za chini ya Saddle zilizowapa shida kupanda zinawapa shida mara mbili kushuka.

Sasa ukingo. Ukitoka Saddle unapanda kwa saa moja hivi mpaka Rhino Point. Hapo njia INASHUKA. Usishangae, hujapotea. Ila kumbuka kwamba kila unachoshuka hapo utakipanda asubuhi ukirudi ukiwa umechoka. Wengi hukata tamaa kwenye kale kamlima ka kurudi kuliko kwenye kilele chenyewe. Baada ya hapo kuna miamba ya kupita kwa mikono na miguu. Fimbo zifunge kwenye begi kabla ya miamba, si katikati yake. Kisha ni mchanga wa majivu, hatua mbili mbele moja nyuma.

Wakati wa kupanda kreta iko kushoto kwako. Ukuta wake unafika kama mita 1,500 kwenda chini. Usiku huuoni, na hiyo ni neema. Njia ikigawanyika, shika ya kulia, mbali na ukingo. Upepo ukiwa mkali kiasi cha kukusogeza hatua moja bila kutaka, geukeni; kesho kilele kitakuwepo.

Kwa nini usiku? Sababu ni mbili, na jua kuchomoza nyuma ya Kilimanjaro ni ya tatu. Mchanga ukiwa na baridi hushikamana, ukipata jua unateleza. Na mawingu huanza kupanda kutoka bondeni asubuhi ikiwa bado changa, mara nyingi saa nne tayari hamna unachokiona. Lakini kama una hofu ya kutembea gizani, ongea na mwongozaji mtoke saa kumi na moja alfajiri mwishie Rhino Point. Jua unaliona, kreta unaiona, na ile koni ya majivu katikati yake (3,667) unaitazama kwa chini. Hakuna aibu hapo.

#8 Mtembezi_Nairobi

Niaje wadau. Sisi huku tumezoea Mlima Kenya, kilele cha Point Lenana mita 4,985 kwa njia ya Sirimon. Meru ni fupi, kwa hivyo ni rahisi zaidi, ama? Pia, naeza bebea maji ya chupa za duka?

#9 Jiwe_la_Lava

Dada/kaka wa Nairobi, karibu. Kwa urefu Lenana inashinda. Kwa mguu, siku ya kilele Meru ni ndefu zaidi: Saddle hadi juu ni karibu mita 1,000, ilhali kutoka kambi ya Shipton's kwenda Lenana ni mita 700 na ushee. Na Lenana huna ukingo wa kutembea saa tatu hewa ikiwa upande mmoja. Ukiwa umezoea Sirimon miguu yako iko sawa, jiandae na kimo cha pembeni tu.

Njoo na pasipoti au kitambulisho chako. Viwango vya Afrika Mashariki ni tofauti na vya wageni wengine na hupewi kwa lafudhi.

Chupa za kutupa acha. Beba chupa ngumu mbili za lita moja na moja ya chai. Mifuko ya plastiki ya kubebea nayo ni marufuku Tanzania tangu tarehe 1 Juni 2019, kwa hiyo hata nguo usije umezifunga kwa "paper bag" za nailoni, watazichukua mpakani Namanga.

#10 Sufuria_ya_Saddle

Mnaongea hewa na ukingo, hakuna anayeongea chakula, na hicho ndicho kinawarudisha watu.

Maji Saddle yanachemka kwenye nyuzi 88 hivi, si 100. Maharage makavu hayaivi hata ukikesha na gesi mtungi mzima. Wali unaiva juu, katikati kokoto. Kwa hiyo maharage na nyama vichemshwe kabisa nyumbani au Miriakamba, juu ni kupasha tu. Vinavyokubali Saddle: tambi, uji, supu ya mboga, viazi vilivyokatwa vidogo, chapati zilizopikwa chini. Ugali unakubali ukiuvumilia.

Usiku wa kilele hakuna anayesikia njaa. Usilazimishe sahani ya wali saa sita usiku, itarudi. Uji mwepesi wenye sukari kikombe kimoja, biskuti mbili, basi. Mfukoni weka vitu vidogo vya kula kila saa: tende, kashata, karanga, peremende za tangawizi. Weka mfuko wa ndani wa koti, maana chokoleti na kashata za nazi vikipata baridi ya Cobra Point vinakuwa mawe na meno yako si nyundo.

Maji: lita mbili na nusu hadi tatu za siku ya kilele, mbili zikiwa za moto wakati mnatoka. Chupa iweke kichwa chini kwenye begi. Barafu huanza juu, hivyo mdomo unabaki wazi. Wenye mifuko ya maji ya mrija, kila ukinywa upulizie maji yarudi ndani, la sivyo mrija unaganda ndani ya nusu saa. Na kiangazi kikikolea msitegemee maji ya Saddle, yajazeni Miriakamba.

#11 Mitumba_Memorial

Vifaa kwa asiye na pesa ya duka. Masoko ya Memorial pale Moshi na Kilombero pale Arusha utapata karibu kila kitu, ukijua unachoshika.

Jeans na fulana za pamba, hapana. Pamba ikilowa jasho haikauki, ukisimama inakunyonya joto. Tafuta nguo ya ndani ya sufu au ya polyester ya michezo. Juu yake sweta la fleece. Juu yake koti lenye manyoya ya bata au sponji. La mwisho koti la mvua lisilopitisha upepo. Livute mshono kwa ndani uone kama ule utepe bado umegandia. Kama unabanduka kama ganda, linavuja, haijalishi lina nembo gani.

Kiganja: glovu mbili, nyembamba ndani, nene nje. Wengi wanaleta moja nene, wakitaka kufunga zipu wanaivua, na upepo unaichukua.

Buti lipime jioni mguu ukiwa umevimba, ukiwa na soksi nene. Sukuma mguu mbele kabisa. Nyuma ya kisigino kidole kimoja kiingie. Kama hakiingii, kucha za vidole gumba utaziacha mlimani wakati wa kushuka. Kucha zikate siku tatu kabla, si asubuhi ya safari. Buti la mtumba lililokaa ghalani miaka mingi, kunja soli kwa nguvu: gundi ikilia au ufa ukionekana, liache. Soli huachia yenyewe ukiwa njiani hata kama buti halijawahi kuvaliwa. Kipande cha waya laini na utepe imara wa gundi (duct tape) viwe kwenye begi la mtu mmoja katika kundi.

Tochi ya kichwani, betri mpya, na za akiba ndani ya soksi mwilini. Baridi huua betri, simu pia.

#12 Kanyaga_Taratibu

#11 umemaliza. Niongeze moja: kilele kinaweza kushuka chini ya sifuri, na upepo unazidisha. Mfuko wa kulalia wenye alama ya nyuzi 10 ni wa Lushoto, si wa Saddle. Tafuta ulioandikwa sifuri au chini yake, kisha lala na nguo kavu, si zile ulizopandia.

#13 Ngunga

Mimi sitaki kilele. Nina siku moja tu na nataka maporomoko. Tululusia inatosha?

#14 Mbega_wa_Maio

Inatosha, na kwa maoni yangu inadharauliwa. Tululusia ina kama mita 28 na iko karibu na Momella. Kwenda na kurudi ni matembezi ya saa mbili tatu na askari. Unapita uwanda wenye nyati na twiga kwa miguu, kitu ambacho hifadhi nyingi hupati. Mstari mmoja, nyuma ya askari, hakuna kukimbia, hakuna kumzunguka nyati dume aliye peke yake ili upate picha. Simba hakuna hapa, ila nyati mmoja anatosha.

Maio ni ya msituni, kwenye barabara ndefu ya kwenda Miriakamba, ndani ya mipodo na mitarakwa, mbega juu ya kichwa. Wapanda kilele wengi wanaikimbia kwa haraka ya kufika kibandani.

Kwa maporomoko yote haya, na hata Materuni kule juu ya Moshi au Sanje ya Udzungwa (ile yenye jumla ya mita 170), hatari si urefu. Ni mambo matatu. Jiwe lenye ukijani karibu na dimbwi linateleza kuliko barafu; kanyaga lenye rangi kavu au uingie majini kabisa, usiruke ruke juu ya mawe. Pili, usisimame chini kabisa ya maji, kwa sababu yanashusha mawe na matawi, na kelele haikuruhusu kusikia. Tatu, mvua inaweza kunyesha juu huku ulipo kuna jua. Maji yakibadilika rangi kuwa ya kahawia, yakianza kuleta majani, au mlio ukigeuka kuwa mzito, toka upande ule ule uliotokea njia, usivuke kwenda ng'ambo kufuata viatu vyako.

Machi mpaka Mei maji ni mengi na njia ni sabuni. Juni na Julai ndiyo wakati mzuri: maji bado yapo, udongo umekauka.

#15 Mguu_Mbele

Wakuu nimeelewa. Natoka Dar, tuko wanne. Kwa hiyo niombe siku tano: Miriakamba mbili, Saddle moja, kilele, Miriakamba tena?

#16 Dawa_na_Miinuko

Ndiyo. Iandikwe hivyo hivyo kwenye karatasi kabla hamjalipa, usiku kwa usiku na jina la kibanda, kwa sababu ukisema "siku tano" tu utapangiwa wanavyojua wao. Na ulizeni kama vitanda vya Miriakamba vimeshikwa kwa usiku wote mitatu.

#17 Leganga_Stendi

Wanne kutoka Dar, mkifika Arusha jioni laleni Usa River, si mjini. Asubuhi foleni ya kutoka Arusha itawapotezea muda wa njia ndefu. Na pimeni mizigo ya wapagazi kwa mizani ya kuning'iniza kabla ya kuondoka langoni. Kilimanjaro kikomo ni kilo 20 kwa mpagazi, shikeni hicho hicho hapa. Sufuria za watu wanne zina uzito kuliko mnavyodhani.

#18 Sufuria_ya_Saddle

Sufuria mbili zinatosha, moja iingie ndani ya nyingine. Kikaango acheni nyumbani.